Uchambuzi wa kisa: TV ya halmashauri, dirisha la matangazo ya vifo na ujio wa king'amuzi

Kuhusu kisa chenyewe

Majina ya mji, kituo na watu nimeyatoa, na vitu vidogo vidogo ambavyo vingemtambulisha mtu nimevibadilisha. Mji nitauita Mji tu na kituo nitakiita Kituo. Ni makao makuu ya mkoa mmoja Tanzania Bara, mbali kabisa na Dar, na Kituo kilikuwa tv ya halmashauri yenyewe, siyo ya mtu binafsi. Naandika kwa ajili ya maafisa habari wa halmashauri, watu wenye vituo vidogo, na wale vijana wanaokuja kila mara na wazo la "tuanzishe tv ya kwetu". Mimi niliingia mwishoni, nilipoitwa kuangalia kama kinaweza kufufuliwa na nini kifanyike na mali zake, kwa hiyo mengi humu nimeyapata kwa wafanyakazi wa zamani, kwenye mihtasari ya vikao na kwenye makabrasha ya stoo.

Usuli

Zanzibar walikuwa na televisheni tangu 1973, tena ya rangi, wakati huku Bara hamna kitu, serikali ya Mwalimu Nyerere iliona tv ni anasa kwa nchi maskini na msimamo huo ukakaa miaka mingi. Sheria ya utangazaji ya 1993 ndo ikafungua mlango, 1994 wakaingia CTN, DTV na ITV, vituo vya watu binafsi, wote wakianzia Dar, na ya serikali, TvT ambayo leo ni TBC, ikaja miaka kadhaa baadaye. Sasa mtu wa mkoani alikuwa anaangalia tv wapi? Kwenye gesti yenye dishi la futi nane, kwenye baa mbili tatu, na kwenye vibanda vya video ambako unalipia benchi.

Mwishoni mwa miaka ya 90 halmashauri ya Mji, pamoja na michango ya wafanyabiashara wa soko kuu, wakanunua transmita ndogo wakaiweka kilimani. Picha ilifika vizuri mpaka lami inapoishia, ukivuka mto ni chenga. Studio ilikuwa stoo ya zamani ya mbolea, ukutani wamebandika trei za mayai na mablanketi ili sauti isirudi, lakini juu ni bati tupu bila dari, kwa hiyo mvua ikinyesha mtangazaji hasikiki kabisa. Walikuwa na kanda maalum ya kwaya kwa ajili hiyo tu, fundi mitambo akisikia tone la kwanza anaiweka na taarifa ya habari inasubiri mvua ikatike. Watu wa Mji walishazoea, kwaya ikianza katikati ya habari mtu anajua mjini kati kunanyesha, aanue nguo.

Mchana walikuwa wanarusha chaneli za bure walizozinasa kwenye dishi. Kuanzia saa kumi na mbili jioni mpaka saa nne usiku ndo muda wao wenyewe: habari za mji, mechi ya ligi ya wilaya iliyochezwa Jumapili inaonyeshwa Jumanne, kipaimara, mahafali, mnada wa ng'ombe, ratiba ya chanjo, kikao cha Baraza la Madiwani, na baada ya habari matangazo ya vifo na vitu vilivyopotea. Lengo kwenye makaratasi lilikuwa "kuelimisha wananchi na kuongeza mapato ya ndani". Mapato yalikuwepo kweli, lakini hayakutoka pale walipotegemea.

Dirisha

Kwenye bajeti ya mwanzo waliandika wadhamini, makampuni, viwanda. Mji wenyewe hauna viwanda. Kilicholeta hela ni dirisha moja lililotazama barabara ya kwenda sokoni, ndani yake meza, kaunta buku, kitabu cha stakabadhi za halmashauri, na mama mmoja aliyekaa hapo tangu siku za mwanzo mpaka alipostaafu.

Mfiwa alikuwa anakuja asubuhi, mara nyingi na kandambili zenye vumbi kwa sababu ametoka kijijini usiku. Mama anampa pole kwanza, anamkalisha, halafu anaandika: ukoo, jina la marehemu, maziko wapi na saa ngapi, habari ziwafikie nani na nani, popote walipo. Hapo ndo palipokuwa na kazi, maana mtu mwenye msiba anasahau. Mama alikuwa anauliza, na upande wa mama yake je? Na yule kijana wenu aliyeolea kule juu? Kabla ya kupokea hela anataka barua ya mtendaji wa kijiji au mtaa, kwa sababu mapema kabisa walishatangaza kifo cha mtu aliye hai, majirani walikuwa na ugomvi wa shamba, na kikaleta kizaazaa. Tangazo la kifo lilikuwa bei ya chini, la biashara bei ya juu, mtoto aliyepotea bure. Likifika kabla ya saa kumi jioni linasomwa siku hiyo hiyo.

Nimelikalia hili dirisha kwa sababu kwenye mihtasari ya vikao halionekani kabisa. Kuna kurasa na kurasa za transmita, kamera na gari la matangazo, lakini dirisha halijatajwa hata mara moja.

Mambo yalivyokwenda

Miaka ya mwanzo ya 2000 ilikuwa mizuri. Chaneli za Dar zilianza kufika kwa setilaiti na watu wakadhani Kituo kitakufa, hakikufa, kwa sababu hakuna chaneli ya Dar itakayokuambia daraja la kwenda stendi ya zamani limeondoka na maji.

Halafu kikaja kipindi cha maji. Mtangazaji kijana alianzisha kipindi cha Alhamisi, wananchi wanapiga simu kuuliza kwa nini bomba halitoi, na mtu wa mamlaka ya maji anakaa studio anajibu. Kilipendwa sana. Wiki moja mpigaji mmoja akauliza kwa nini mtaa fulani maji hayakatiki, ni mtaa ambao wakubwa kadhaa wanaishi. Kikao kilichofuata madiwani wakaja juu, na kipindi kikasimamishwa "kwa ajili ya maboresho". Hakikurudi. Nafasi yake ikajazwa na ziara za viongozi, mheshimiwa anashuka kwenye gari, mheshimiwa anakagua tofali.

Wakati huohuo duniani mambo yalikuwa yanabadilika. Mkataba wa Geneva wa 2006, ule wa masafa ya utangazaji, ulishaweka Juni 2015 kama mwisho wa kulinda mawimbi ya analojia, yaani mfumo wa zamani wa kurusha tv kabla ya dijitali, na nchi za Afrika Mashariki zikajiwekea tarehe ya mapema zaidi, mwisho wa 2012. Tanzania ikaanza kweli: analojia ya Dar ilizimwa tarehe 31 Desemba 2012, halafu Dodoma na Tanga, Mwanza, Arusha na Moshi, Mbeya, mji baada ya mji mpaka mwishoni mwa Aprili 2013. Mji wetu haukuwa kwenye awamu hiyo ya kwanza, kwa hiyo wakubwa wakaona bado muda upo.

Kiufundi jambo lenyewe ni hivi. Zamani kila kituo kina transmita yake na masafa yake. Kwenye dijitali masafa yaleyale yaliyobeba chaneli moja yanabeba chaneli nyingi kwa pamoja, kwa hiyo kazi ya kurusha akapewa mtu mwingine, na TCRA, mamlaka ya mawasiliano ya nchi, ikatoa leseni kwa makampuni matatu ya kujenga hiyo miundombinu. Mwenye kituo anabaki kutengeneza vipindi tu, anampelekea picha mwenye mtambo na kumlipa. Kwa chaneli ya taifa ni nafuu, analipa na anaonekana nchi nzima. Kwa kituo cha mji mmoja hesabu inageuka, kwa sababu chaneli yako inakula nafasi ileile kwenye mtambo kama chaneli ya taifa, na mwenye mtambo anayeshusha kifurushi chake kwa setilaiti kutoka Dar inabidi akufungie vifaa vya pembeni vya kukuingiza wewe pale mkoani tu. Ni usumbufu kwake, na usumbufu una bei.

Zamu ya Mji ilipofika transmita ya kilimani ikazimwa. Fundi aliniambia alipanda mwenyewe na kuikata, akaifunika na turubai kwa sababu hakuna aliyemwambia aipeleke wapi.

Maamuzi na sababu zake

Uamuzi wa kwanza ulikuwa kulipia kubebwa kwenye mtambo wa kampuni mojawapo. Sababu zao zinaeleweka. Bila hivyo Kituo kinapotea hewani, leseni ya kiwilaya inakaa bure, na uchaguzi haukuwa mbali. Hela ikatengwa kutoka mapato ya ndani. Kosa lilikuwa kwenye ulipaji. Halmashauri inalipa kwa vocha, vocha inasubiri saini, saini inasubiri mtu aliye safarini Dodoma, na kampuni haisubiri. Kituo kikawa kinakatwa na kurudishwa, kinakatwa na kurudishwa, mpaka watu wakaacha kukitafuta kwenye rimoti.

Uamuzi wa pili haukujadiliwa hata kidogo, ulipita kama usafi wa kawaida. Wakaguzi waliandika hoja kwamba fedha zinapokelewa nje ya ofisi ya keshia, ambalo ni kweli, dirisha lilikuwa nje. Basi dirisha likafungwa, malipo yakahamia kwa keshia ndani ya jengo kuu, ghorofa ya kwanza. Baadaye ikaja mifumo ya malipo ya serikali ya kontrol namba. Fikiria mtu aliyefiwa usiku anapanda ngazi, anasubiri namba itoke, anaenda benki au kwa wakala, anarudi na risiti, ndipo tangazo liandikwe. Mfanyakazi mmoja alinisimulia mzee aliyesimama pale kaunta akasema taratibu tu, "Dada yangu, hiyo namba ikitoka kesho sisi tutakuwa tumeshazika." Akajibiwa, "Pole sana mzee wangu, mfumo ndo haujafunguka." Akaenda zake redio, ng'ambo ya barabara.

Uamuzi wa tatu ni wa kanda. Kwa miaka mingi kanda zilikuwa zinarekodiwa juu kwa juu, na hapo siwalaumu sana, kanda mpya zilitoka Dar na hela hamna. Lakini zilizobaki, mamia, ziliwekwa stoo yenye bati linalovuja, na ilipofika zoezi la kuondoa mali chakavu zikaorodheshwa pamoja na viti vilivyovunjika. Nilizoziwahi zina lebo za kalamu ya wino, "Mafuriko", "Baraza bajeti", "Fainali shule za msingi", nyingi zina ukungu mweupe pembeni. Nyingine ukiicheza unakuta harusi ya watu dakika kumi halafu katikati inakatika, chini yake kuna hotuba ya mwaka wa nyuma.

Wa nne, kwenda mtandaoni. Hili walichelewa, kwa sababu tangu kanuni za maudhui mtandaoni za 2018 tv ya mtandaoni nayo inataka leseni ya TCRA, na mwanzoni ada zake ukijumlisha zilipita shilingi milioni 2, mkurugenzi wa wakati huo akaona bora hela hiyo iende kwenye deni la mtambo.

Matokeo

Kituo hakikufungwa rasmi. Kiko kwenye muundo, kina kasma (fungu lake kwenye bajeti), kina ofisi, watumishi wengi walihamishiwa idara nyingine, na kina chaneli ya YouTube yenye ziara za viongozi ambazo wanaoziangalia ni wale waliomo kwenye picha. Matangazo ya vifo yalihamia redio ya ng'ambo ya barabara, kisha kwenye magrupu ya WhatsApp ya mitaa na koo.

Uchambuzi

Ukiuliza Mji mzima nani aliua Kituo utajibiwa king'amuzi. Nakubali nusu. Dijitali ilikata kitu kimoja ambacho hata mimi nilichelewa kukiona, nacho ni ule umoja wa antena. Zamani antena moja ya juu ya bati iliona kila kitu kilichoko hewani Mji ule, tajiri na maskini wanaona chaneli ileile saa ileile. Baada ya 2013 watu wakagawanyika kwa ving'amuzi, kila kampuni na chake na chaneli zake. Mwisho wa mwaka huohuo Azam TV ikaja na Ligi Kuu, wanaume wengi wakafunga dishi lile kwa ajili ya Simba na Yanga, na Kituo hakikuwa kwenye dishi lile. Kwa hiyo hata miezi ambayo bili ililipwa, Kituo kilikuwa kinaongea na nyumba zenye king'amuzi cha kampuni moja tu. Hakuna aliyelifikiria hili wakati wa kusaini, na sidhani hata kampuni ililifikiria.

Watu hupenda kulinganisha na Kenya, mimi nasema hapana. Kule Februari 2015 vituo vikubwa vilizima matangazo yao karibu wiki tatu kwa ugomvi unaofanana na huu, nani abebe mawimbi ya nani, na walikuwa na mawakili mpaka Mahakama ya Juu. Kituo chetu kilikuwa na afisa sheria mmoja wa halmashauri ambaye mezani kwake kuna kesi za viwanja mpaka juu ya kabati.

Nusu ya pili ya jibu langu ni kwamba Kituo kilishaanza kuumwa siku kipindi cha maji kiliposimamishwa. Wafanyakazi wawili tofauti waliniambia jambo lilelile bila kuulizwa, kwamba baada ya hapo simu za studio zilipungua hata kwa vipindi vingine, watu hawakugoma, waliacha tu kupiga. Mmiliki wa kituo ndiye aliyetakiwa kuulizwa maswali na kituo hicho, na hakukuwa na bodi, mwongozo wala hata barua inayosema mhariri anaamua nini na mkurugenzi anaamua nini. Kipindi kimoja kilijaribu mpaka huo na kikapotea, na wengine wote wakajifunza kimya kimya. Kama unaanzisha tv ya halmashauri leo, karatasi hiyo iandikwe na ipitishwe na baraza kabla kamera ya kwanza haijanunuliwa, siku ambayo hakuna aliyekasirika.

Na dirisha. Hapa ndo nina ubishi na wenzangu wengi, maana wao wanaona matangazo ya vifo ni kitu cha zamani, WhatsApp imemaliza kazi. Haijamaliza. Grupu linafikisha habari haraka kweli, lakini linawafikia waliomo kwenye grupu, na halimuulizi mtu barua ya mtendaji. Wakati nipo pale ilizunguka picha ya kijana eti amefariki ajalini, mama yake akazimia, na kijana alikuwa amelala kwa mjomba wake simu imeisha chaji. Kazi ya dirisha ilikuwa kuuliza maswali kabla ya kutangaza. Kazi hiyo haikuhitaji transmita, king'amuzi wala leseni kubwa, ingeweza kubaki palepale na tangazo likapelekwa redioni, kwenye grupu, kwenye ubao wa soko, popote. Halmashauri ilipigania mawimbi, ambayo yalishakuwa mali ya mtu mwingine, na ikafunga yenyewe kitu ambacho hakuna aliyekuwa anawanyang'anya. Hoja ya mkaguzi ilikuwa na jibu rahisi tu, ateuliwe keshia msaidizi akae dirishani. Nimeona halmashauri zikifanya hivyo kwa ushuru wa stendi.

Vilivyofanya kazi visisahaulike. Bei ya tangazo la kifo ilikaa chini hata mapato yalipobana, na hilo liliwafanya watu wakijue Kituo kama chao. Saa ya mwisho ya kupokea ilikuwa inajulikana mpaka vijijini. Fundi aliandika daftari la mitambo kila siku, umeme umekatika saa ngapi, kifaa gani kimebadilishwa, na daftari hilo ndilo lililonisaidia kupanga miaka kuliko muhtasari wowote wa kikao. Na ile kanda ya kwaya, kwa kweli, watu wazima wa Mji bado wanaiimba.

Nilichopendekeza na kilipofikia

Nilipendekeza mambo matatu. Kwanza, dirisha lirudi, na matangazo yatoke kwa njia yoyote iliyopo. Limekubaliwa kwa mdomo, kwenye bajeti halimo, zimo kamera mbili mpya. Pili, vikao vya baraza virushwe mtandaoni bila kukatwa hata dakika moja, na hili wamelianza, mapicha yanatetemeka na sauti mbaya, lakini wananchi wa kata zenye ugomvi wa barabara wanaangalia mpaka mwisho na kuandika maoni makali chini yake, ambayo afisa habari ameambiwa asiyafute.

Tatu ni kaunta buku. Mama alipostaafu alizibeba zote akaziweka kwake, la sivyo zingekwenda na mali chakavu. Amezirudisha baada ya kuombwa na kuandikiwa hati ya kupokea, ambayo aliisoma mara mbili kabla ya kusaini. Ukifungua unakuta nani alikufa, alizikwa kijiji gani, ndugu zake walikuwa wapi wakati ule, watoto waliopotea na waliopatikana, kwa mkono mmoja wa mwandishi mmoja. Kwa historia ya Mji zina thamani kuliko kanda zote zilizobaki. Sasa hivi ziko kabatini kwa afisa utamaduni na zinapigwa picha ukurasa kwa ukurasa. Ubishi uliobaki ni nani aruhusiwe kuziona: afisa utamaduni anataka ziwekwe wazi kwa kila mtu, mimi nimesema orodha ya vifo iwe wazi, ila kurasa za watoto waliopotea zibaki kwa familia zao, kwa sababu wengi wao wako hai na wanaishi palepale Mji.